Tumcheke Mgonjwa au Tumcheke Mwuza Dawa? Futuhi Bubu na Tiba za Kilaghai katika Migori na Homa Bay

Utangulizi

Makala haya yanapinga kauli moja iliyozoeleka katika semina zetu za fasihi linganishi kiasi kwamba hakuna tena anayejisumbua kuitetea. Kauli yenyewe inasema kwamba futuhi ya filamu bubu, hasa ile inayomsawiri mtu mwenye afya njema anayejidhania mgonjwa na kumeza kila dawa anayouziwa, ni sanaa ya walimwengu wote. Hoja yake ni kwamba filamu hiyo haina maneno, kwa hiyo haina mipaka. Kwamba mwoga wa maradhi ni yule yule awe Paris, California au Rongo. Na kwamba hakuna kielelezo kilicho bora zaidi cha kumfunza mwanafunzi wetu, na kupitia kwake mwanakijiji wa Migori au Homa Bay, jinsi ya kuwaepuka matapeli wa tiba.

Sisi tunashikilia kinyume cha hayo. Tunadai kwamba futuhi ya aina hiyo imejengwa juu ya sharti moja ambalo haliwekwi wazi, yaani kwamba ugonjwa wenyewe haupo. Mahali ambapo ugonjwa upo, tena unaua, sharti hilo huvunjika, na kicheko kilichotegemea sharti hilo hugeuka kuwa dhuluma. Hatusemi filamu hizi zisifundishwe. Tunasema zifundishwe pamoja na swali ambalo wahakiki wetu wamelikwepa: je, anayechekwa ni nani, na nani ameachwa bila kuchekwa?

Sharti la Futuhi

Asili ya mhusika huyu ni kongwe kuliko filamu. Mwaka 1673 Molière alionyesha tamthilia yake ya mwisho, Le Malade imaginaire, ambamo tajiri Argan anajizungushia madaktari na madawa ilhali mwili wake ni mzima. Msomaji wa Kiswahili si mgeni wa dhihaka za Molière dhidi ya matabibu. Alikwisha kuzionja katika Tabibu Asiyependa Utabibu, tafsiri ya A. Morrison. Lakini katika habari ya Argan kuna jambo ambalo wahakiki hulisimulia kama kioja tu. Aliyeigiza nafasi ya Argan alikuwa Molière mwenyewe, naye alikuwa mgonjwa wa kweli wa mapafu. Tarehe 17 Februari 1673, katika onyesho la nne, alizidiwa jukwaani, akafariki saa chache baadaye.

Tunaliona tukio hili kuwa ni uhakiki ulioandikwa kwa mwili wa mwandishi. Hadhira ilicheka kikohozi cha mtu aliyekuwa akifa, kwa sababu futuhi ilikuwa imekwisha kuwaambia kwamba mtu huyo hana lolote. Hiyo ndiyo nguvu ya sharti tunalolizungumzia. Likikubaliwa, hata ukweli ukikohoa mbele ya macho yetu hatuusikii.

Filamu bubu ilimrithi Argan bila kulichunguza sharti hilo. Mfano unaotajwa mara nyingi ni Why Worry? ya mwaka 1923, iliyoongozwa na Fred Newmeyer na Sam Taylor, Harold Lloyd akiwa mhusika mkuu. Kijana tajiri anayeishi kwa vidonge anafunga safari hadi nchi ya kubuniwa, Paradiso, kutafuta mapumziko kwa ajili ya afya yake, akiandamana na muuguzi na mtumishi. Anapofika, nchi imo katika mapinduzi. Watu wanapigana barabarani, naye anadhani ni namna ya kupumzika kwa wenyeji. Baada ya vurumai nyingi anasahau vidonge vyake, anagundua kwamba anampenda muuguzi wake, na maradhi yanayeyuka.

Ufundi wa filamu hii hatuna ugomvi nao. Lloyd ni bingwa wa kuupa mwili kazi ya sentensi. Ugomvi wetu ni juu ya itikadi yake. Maradhi ya kijana huyu ni anasa. Anaweza kujidhania mgonjwa kwa sababu ana fedha za kulipia dhana hiyo, ana watu wa kuitumikia, na ana nchi ya wengine ya kuiendea ili iwe mandhari ya uponyaji wake. Wananchi wa Paradiso, wanaojeruhiwa kwa risasi, hawana daktari hata mmoja anayeonyeshwa akiwashughulikia. Mhakiki anayeiita filamu hii sanaa ya walimwengu wote amesimama upande wa abiria aliyeshuka melini, si upande wa wenyeji.

Na ajabu ni kwamba mwaka mmoja kabla, katika Dr. Jack ya 1922, Lloyd huyo huyo alikuwa amekwisha kuonyesha njia nyingine. Humo msichana amefungiwa miaka mingi katika chumba chenye giza na daktari mwenye sifa nyingi, ambaye faida yake ni msichana huyo asipone kamwe. Daktari wa kijijini anafika, anaitambua hila hiyo, na kicheko chote kinamwendea yule daktari mwenye sifa nyingi. Msichana hachekwi hata mara moja. Kwa hiyo uwezekano wa kumcheka mwuza tiba badala ya mgonjwa ulikuwemo ndani ya utanzu wenyewe tangu awali. Kwa nini basi somo tulilolichukua sisi ni lile la 1923 na si la 1922?

Ububu Usio Bubu

Jibu linapatikana katika historia ya jinsi sinema ilivyoletwa Afrika Mashariki. Kati ya 1935 na 1937 mradi wa majaribio ya sinema za elimu kwa Wabantu, uliokuwa na makao yake Vugiri katika milima ya Usambara, ulitengeneza filamu fupi za mafunzo na kuzizungusha vijijini kwa gari. Picha zilikuwa bubu. Maelezo yalitoka kwenye santuri au kinywani mwa msimuliaji. Kisha kikaja Kitengo cha Filamu cha Makoloni, kilichofanya kazi kuanzia 1939 hadi 1955 chini ya William Sellers, afisa aliyekuwa ameanza kazi yake katika huduma za afya Nigeria. Sellers aliamini kwamba Mwafrika wa kijijini hawezi kufuata picha zinazobadilika upesi wala mbinu za kisanii, kwa hiyo atengenezewe filamu za polepole na nyepesi. Vichekesho vya Charlie Chaplin viliwekwa katika ratiba hizo kama kivutio, ili watu wakusanyike na kuyasikiliza mafunzo.

Hapa ndipo ilipozaliwa ile dhana ya kwamba futuhi bubu ni chombo kinachowafaa watu wetu kwa kuwa haidai fikra. Wahakiki wa leo wanaposema haina mipaka, wanalirudia neno la Sellers kwa lugha ya heshima zaidi.

Aidha, ububu wenyewe ni hekaya. Kila onyesho la gari la sinema lilikuwa na mtu aliyesimama karibu na kitambaa cheupe, akitafsiri, akifafanua, akitia chumvi. Mtu huyo ndiye aliyeamua kama mchekwa ni mgonjwa au ni tapeli. Anayefahamu fasihi simulizi atamtambua mara moja: ni fanani, na picha ni ala yake. Kizazi cha kumbi za video nchini Kenya kinamfahamu mrithi wake, DJ Afro, ambaye sauti yake humfanya shujaa wa filamu ya kigeni kuwa jirani yetu. Kwa hiyo anayeichambua filamu bubu bila kumchambua msimuliaji wake amechambua nusu ya kazi.

Fanani wa serikali, hata hivyo, alikuwa amekabidhiwa muundo uliokwisha kuamuliwa. Mfano wake dhahiri ni filamu ya miaka ya 1940 iliyotengenezwa Afrika Kusini kuhusu kaswende, Mr. Wise and Mr. Foolish Go to Town. Wanaume wawili wanakwenda mjini na kuambukizwa. Bwana Mwerevu anakwenda hospitali na kupona. Bwana Mjinga anakwenda kwa mganga na kuangamia. Muundo huu ni mtoto wa Argan aliyevikwa ngozi nyeusi. Tofauti ni kwamba safari hii ugonjwa upo, lakini kicheko hakikubadilika. Mgonjwa ndiye mjinga, na dawa ya kweli inadhaniwa kuwa inamngoja hospitalini wakati wote.

Ukweli wa Migori na Homa Bay

Tuulete muundo huo katika eneo ambalo zamani lilikuwa wilaya moja ya Nyanza Kusini. Ukimwi ulipoingia, wenyeji waliuita ayaki, neno la Kijaluo linalohusiana na kupora na kunyang'anya. Wengine waliufasiri kama chira, maradhi ya kukonda yanayomfuata aliyekiuka miiko. Wasanii wa kampeni za afya wakapewa kazi ya kutunga michezo na maigizo bubu ya kuhamasisha watu. Kielelezo kilichorudiwa mara nyingi ni kile kile: mwerevu anakwenda hospitali, mjinga anakwenda kwa mganga, hadhira inamcheka mjinga.

Lakini huko hospitalini mwerevu alikuwa akipewa nini? Mwezi Julai 1990 Rais Daniel arap Moi alizindua kwa shangwe dawa iliyoitwa Kemron, iliyotokana na utafiti wa taasisi ya taifa ya utafiti wa tiba, KEMRI. Majaribio yaliyofuata katika nchi kadhaa hayakuthibitisha manufaa yake. Mwaka 1996 ikatangazwa nyingine, Pearl Omega, nayo bila ushahidi uliokubaliwa na wanasayansi. Hatudai kwamba kila mtafiti aliyehusika alikuwa ayari. Wapo walioamini walichokitangaza. Tunadai kwamba tangazo lenyewe, likiwa na jukwaa, kipaza sauti na makofi, lilikuwa na umbo lile lile la mchuuzi anayesimama sokoni Awendo au Oyugis na chupa yenye mnyoo, akiahidi kwamba dawa moja inatibu maradhi kumi. Tofauti ilikuwa ni suti na bendera.

Dawa za kupunguza makali ya virusi zilianza kutolewa bure katika hospitali ya umma ya Homa Bay mwaka 2001, kupitia shirika la Madaktari Wasio na Mipaka, na hospitali hiyo ilikuwa ya kwanza ya umma nchini Kenya kufanya hivyo. Msomaji na apige hesabu. Kutoka Kemron hadi 2001 ni miaka kumi na mmoja. Katika miaka hiyo yote maskini wa Migori na Homa Bay aliambiwa jukwaani kwamba ni mjinga kwa kutokwenda mahali ambapo dawa ya kumrefushia maisha haikuwapo. Na hili halikuwa tatizo la watu wachache. Hata katika utafiti wa kitaifa wa mwaka 2018, baada ya dawa kusambaa, watu wazima wanaoishi na virusi walikuwa takriban asilimia 20 Homa Bay na 13 Migori, ilhali wastani wa nchi ulikuwa chini kidogo ya asilimia 5.

Katika mazingira hayo, aliyenunua chupa sokoni hakuwa Argan. Alikuwa na ugonjwa wa kweli na fedha kidogo, na kila mlango aliobisha ulikuwa umefungwa isipokuwa mmoja. Kumcheka ni kurudia kosa la hadhira ya 1673.

Pingamizi na Majibu

Yapo mapingamizi mawili yanayostahili kujibiwa. La kwanza linasema kwamba tunamtetea mjinga, na kwamba ujinga huua. Tunakubali kwamba huua. Mwaka 2011 maelfu ya watu, Wakenya wakiwemo, walimiminika Samunge, Loliondo, kaskazini mwa Tanzania, kunywa kikombe cha mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapile kwa shilingi 500 za Tanzania, na iliripotiwa kwamba baadhi yao waliacha dawa za hospitali. Wakati huo dawa zilikuwapo, kwa hiyo hoja ya mlango uliofungwa haitoshi. Hata hivyo, tuwaangalie waliokuwa katika foleni ile. Walikuwemo viongozi na wasomi waliofika kwa magari ya kifahari na hata kwa helikopta. Kama kicheko kinastahili mahali fulani, kianzie hapo. Lakini sanaa yetu ya kuhamasisha humchukua mkulima mwenye kandambili ndiye awe mfano wa ujinga, na kumwacha mheshimiwa apite.

Pingamizi la pili linatoka upande wa pili. Linasema kwamba kumcheka mwuza dawa ni kuwadhihaki waganga wetu wa jadi na kuendeleza dharau ya wamisionari. Hili nalo si kweli, na lugha ya wenyeji inatupa jibu. Mjaluo anamtofautisha nyamrerwa, mjuzi wa mitishamba na mkunga, na ajuoga, mganga mwenye kupiga ramli. Wala hakuna kati yao aliye sawa na mchuuzi anayehama soko hadi soko. Wawili wa kwanza wanajulikana kwao; mteja akidhurika anajua mlango wa kubisha. Mchuuzi nguvu yake iko katika kuondoka. Futuhi inayowafanya watatu hawa kuwa kitu kimoja si ya kimaendeleo bali ni ya kivivu.

Walivyojibu Waandishi

Fasihi ya ukanda wa ziwa ilikwisha kuikataa dhihaka hiyo kabla ya sisi wahakiki kuamka. Katika The Promised Land (1966), Grace Ogot, aliyekuwa muuguzi kabla ya kuwa mwandishi, anamtoa Ochola na mkewe Nyapol Nyanza hadi Tanganyika kutafuta ardhi. Ochola anapatwa na ugonjwa wa ngozi unaosababishwa na husuda ya jirani. Hospitali inashindwa, mganga Magungu anafaulu, lakini kwa sharti la kuondoka na kuziacha mali zote. Mtu anaweza kubishana na Ogot juu ya uchawi. Hawezi kudai kwamba amemfanya mgonjwa kichekesho. Ochola anahangaika kati ya tiba mbili akiwa mtu mwenye akili timamu, na kila tiba ina bei yake.

Marjorie Oludhe Macgoye naye, katika Chira (1997), aliichukua istilahi ya wenyeji akaifanya jina la riwaya kuhusu ukimwi. Kitendo hicho peke yake ni hoja: fasiri ya mgonjwa juu ya ugonjwa wake ni sehemu ya maana, si uchafu wa kufagiliwa. Katika Kiswahili, Ua la Faraja ya William Mkufya (2004) iliutazama ukimwi kwa upana ambao michezo ya kampeni haikuuthubutu. Riwaya, basi, imekwisha kupiga hatua. Kilichobaki nyuma ni futuhi, na futuhi ndiyo inayofika sokoni.

Onyesho Lililokosekana

Tusije tukadhaniwa kuwa tunaulaumu ububu wenyewe. Katika tamasha za drama za shule zetu igizo bubu limeonyesha jinsi linavyoweza kubeba hoja nzito. Kosa halimo katika kunyamaza. Limo katika onyesho lililoachwa.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mwigizaji anaingia akishika tumbo. Anamkuta mchuuzi, anatoa sarafu, anakunywa, anaanguka. Watazamaji wanacheka. Sasa tuongeze onyesho moja tu mwanzoni: mwigizaji yule yule yuko mbele ya dirisha la dawa hospitalini. Amepanga foleni, amefika mbele, ananyosha kadi yake. Mkono unatoka ndani, unatikisa kidole, dirisha linafungwa. Anageuka polepole, anahesabu sarafu zake, kisha ndipo anapomwona mchuuzi. Hakuna neno lililoongezwa. Lakini mchuuzi anapoanza madoido yake, kicheko kinamwendea yeye na wale waliolifunga dirisha, na mgonjwa anapoanguka ukumbi unanyamaza. Tofauti kati ya maigizo haya mawili haihusu fani peke yake. Inahusu nani ameruhusiwa kuwa na sababu za matendo yake.

Hitimisho

Tumedai kwamba futuhi bubu ya mgonjwa wa kujidhania si ya walimwengu wote, kwa kuwa inategemea sharti ambalo maskini wa Migori na Homa Bay hakuwahi kulitimiza: kuwa mzima wa mwili na kuwa na uwezo wa kuchagua tiba. Tunapendekeza mambo mawili. Kwanza, Why Worry? isifundishwe peke yake. Ifundishwe sambamba na Dr. Jack, na zote mbili zisomwe pamoja na msimuliaji aliyesimama kando ya kitambaa. Pili, wahakiki na waamuzi wa maigizo ya afya waache kuuliza tu kama watazamaji walicheka. Waulize walimcheka nani.

Wanafunzi wetu wengi huwa walimu wa shule za sekondari, na ndio watakaotunga maigizo ya kizazi kijacho. Wakitoka katika idara zetu wakiamini kwamba mgonjwa ndiye kichekesho, watakwenda kuwachekesha watoto wa waliokufa kati ya 1990 na 2001 kwa kuwadhihaki wazazi wao. Watoto hao wanajua ni dirisha gani lililofungwa. Sisi tuliokuwa tukifundisha wakati huo hatuwezi kusema kwamba hatukuliona.